Kitambaa cha Kerba Hakifuliwi kwa Sabuni

Haya aliyasimulia Chandrabhaga Lokhande mwenyewe, asubuhi walipokuwa wakivunja hema la sinema hapa Borwadi, huku tukichambua majani ya uwatu kwa ajili ya chakula cha mchana.

Kunapambazuka. Chandrabhaga yuko ukingoni mwa mfereji, sari kaikunja hadi magotini, anasuuza kitambaa kipana kuliko paa la nyumba. Katikati kimeiva njano.

Ni kitambaa cha kuonyeshea sinema, na njano hiyo ni unga wa manjano wa Khandoba, mungu wa hapa. Kila usiku wa sherehe, Kerba, shujaa wa filamu ya hapa kwetu, anapoinuka na shoka lake mbele ya hekalu, watu husimama, huita "Yelkot!", mwito wa kumsifu Khandoba, na kumrushia manjano kama walivyomrushia mungu wao mchana. Ukungu wa manjano ukitulia, kitambaa huwa cha kufuliwa.

Chandrabhaga amekifua miaka ishirini na mbili, kwa ujira wa rupia mia nne kwa usiku mmoja. Hatumii sabuni. Maji baridi tu, kisha anakitandika majanini.

"Jua ndilo linalokula njano," anasema. "Mimi namtandikia mgeni jamvi, ale."

Filamu za mjini huja pia, zenye mashujaa wanaocheza ngoma kwenye theluji. Watu huzitazama huku wakimenya karanga. Lakini Kerba ni mkata miwa. Anamtukana ng'ombe wake kama baba zao walivyowatukana ng'ombe wao. Mama yake humfungia mkate wa mtama na pilipili kwenye kitambaa, fundo lilelile la mama zao. Na mpima mizani anayemwibia uzito wa miwa, kila mmoja hapa ana wa kwake anayemjua.

"Sisi tunapigwa msimu mzima," mkata miwa mmoja alimwambia Chandrabhaga. "Kwa saa mbili acha Kerba atupigie wao."

Siku hiyo ilikuwa ya mwisho ya sherehe. Nivrutti Anna, mwenye hema, alikuwa hajala tangu jana. Kijana mmoja wa mjini alikuwa ameahidi kuleta lori lenye skrini ya plastiki, na kamati ya sherehe ingeamua usiku huohuo uwanja wa mwakani apewe nani. Anna akikosa uwanja, Chandrabhaga naye hana kitambaa cha kufua.

Na jua siku hiyo halikutoka. Saa nne, mawingu. Saa sita, mawingu yaleyale. Chandrabhaga akaenda kuomba kuni za kukikaushia, akamwacha mkwewe Sunanda, aliyeolewa juzijuzi, alinde kitambaa kisikanyagwe na mbuzi.

Sunanda akaitazama ile njano. Akamhurumia mama mkwe wake. Akatoa kipande cha sabuni kifuani, akasugua kwa nguvu zake zote.

Chandrabhaga aliporudi, alimkuta amepiga magoti mbele ya duara jekundu kama damu. Binti alikuwa analia bila sauti.

"Mama, nilitaka uikute nyeupe."

Chandrabhaga akatua kuni. Mjini au shambani, manjano yakikutana na sabuni hugeuka mekundu. Sunanda hakuambiwa, na aliyepaswa kumwambia ni nani kama si yeye?

Anna alikuja mbio, kilemba mkononi. Akauliza ni mikono ya nani iliyomchinja Kerba kabla ya wakati.

"Ni mikono ya nyumbani kwangu," Chandrabhaga akamjibu. "Anna, badala ya kunipigia kelele, niletee ndimu."

Muuza soda ya ndimu alilalamika, lakini akatoa kikapu kizima. Wanawake wawili wakakaa wanakamua na kupangusa, wekundu ukarudi nyuma kidogo kidogo. Jioni ilipoingia, ile damu ilikuwa imekwisha. Njano ilikuwa palepale, duara kubwa katikati, na jua la kuila limeshakwenda zake.

Kikatundikwa hivyohivyo.

Chandrabhaga na Sunanda walikaa mahali pao, nyuma ya kitambaa, ambako picha huonekana kinyume, kulia kukawa kushoto. Walisikia hema likijaa. Walisikia wanakamati wakivuta viti vya mbele. Kerba alipotokea, uso wake njano tupu, mtu akapiga mluzi.

"Anna, mpeleke Kerba hospitali, kaugua manjano."

Hema zima likacheka. Sunanda akauficha uso begani kwa mama mkwe wake. Chandrabhaga akamshika mkono, akasema wacheke tu, wamelipa.

Wakacheka nusu ya filamu. Kisha ikafika ile sehemu ya hekaluni. Kerba kapigwa, yuko chini, gizani. Mpima mizani ameweka mguu juu ya mkate wa mama yake. Kerba anaanza kuinuka, goti, kiuno, mabega, na kichwa chake kikaingia barabara katikati ya lile duara.

Hakuna aliyecheka. Mzee mmoja akasema taratibu, kama anayezungumza na jirani: "Kumbe mungu katutangulia kumpaka manjano."

Hapo hema likasimama. "Yelkot!" Manjano yakaruka hadi upande wa nyuma. Wakadai pigano lirudiwe, likarudiwa, wakadai tena.

Watu walipotoka, mwenyekiti wa kamati akamwambia Anna uwanja wa mwakani ni wake. Lile lori la kijana wa mjini likatafute uwanja kwingine. Akaongeza sharti moja, kwamba kitambaa kiachwe hivyo, kisifuliwe.

Anna akamgeukia Chandrabhaga. Wote wakamgeukia.

"Nitakifua," akasema. "Wakitaka njano, waje wairushe wenyewe."

Mwenyekiti akacheka mpaka akakohoa, akakubali.

Mwakani, Chandrabhaga anataka kitu kimoja: Sunanda ashike kazi ya kitambaa, na yeye mwenyewe akate tiketi akae mbele. Miaka yote hii amemwona Kerba akishika shoka kwa mkono wa kushoto, na watu wanambishia.

Usiku ule Anna alilala palepale kitini. Sunanda alijinyoosha juu ya mkeka, akauliza kwa sauti ya usingizi kama kesho watumie ndimu tena.

"Jua," Chandrabhaga akamwambia. "Kesho litatoka."

Akakunja kitambaa, akakiweka chini ya kichwa, na manjano mashavuni, akalala.