Nilisema Karibu Kupitia Dirishani

Kabla hujaniuliza: sinywi pombe, sikuwa na homa, na siku hiyo nilikuwa nimelala vizuri kwa sababu sikuwa na zamu. Yaliyonikuta niliyaona kwa macho yangu mwenyewe, nikiwa mbele ya sahani ya samaki, katikati ya mji wa Minneapolis, taa zinawaka na watu wamejaa. Ukitaka kuamini, amini. Usipotaka, soma tu mpaka mwisho, kwa faida ya watoto wako.

Mimi ni mtu wa Tanga. Huku Marekani nakaa Champlin, kule karibu na mto, na kazi yangu ni kutunza wazee. Kazi hiyo imenifundisha kumshuku kila mtu. Mzee akiniambia ameshameza dawa, mimi nainua mto kwanza. Marehemu mume wangu alikuwa akinitania kwamba ningefaa kuwa askari wa forodha. Sasa niambie wewe, mtu kama mimi nilipitiwaje?

Nina binti mmoja, Mwanaidi. Nilimpa jina la bibi yangu aliyenilea. Anasoma chuo kikuu hapa hapa. Kiswahili anakisikia chote, hata ukimsengenya ukiwa chumba cha pili, lakini ukimsemesha anakujibu kwa Kiingereza. Nimembembeleza, nimegomba, nimenuna. Wapi! Halafu nasikia chuoni anajifunza Kifaransa, tena anakipenda. Niliumia, sikufichi. Hicho Kifaransa cha watu kina utamu gani ambao cha mama yake hakina?

Basi, msimu wa baridi uliopita akaniambia nivae vizuri, ananipeleka kula kwa Wafaransa, apate kusema Kifaransa chake na wahudumu. Tukaenda. Mkahawa wenyewe ni mdogo, wa kizamani, meza zimebanana hadi unasikia jirani yako akitafuna. Kuta zina rangi ya chai ya maziwa, vioo vimeingia madoa ya uzee, kila meza ina mshumaa wake. Mlangoni wametundika pazia zito la mahameli la kuzuia baridi. Kila aliyeingia alilisukuma pazia, na baridi ikaingia naye, ikatupiga miguuni. Hilo pazia liweke akilini.

Menyu niliisoma kama mtu anayesoma hukumu. Konokono wapo, wameandikwa bila haya. Mhudumu wetu alikuwa Mkongo, bwana wa makamo aitwaye Selestini. Mwanaidi alimwamkia kwa Kifaransa, wakachekeana, kisha yule bwana akanigeukia mimi.

"Mama, muko batu ya wapi? Tanzania? Karibuni sana! Mimi niko wa Bukavu."

"Ahsante, baba. Niambie ukweli, kwenye supu hii mmetia divai?"

"Ku supu iko kidogo, Mama. Lakini samaki haina. Nakuapia."

Nikachukua samaki. Mwanaidi akachukua kome na chipsi. Tulikaa dirishani, na ingawa ilikuwa jioni mapema tu, nje giza lilishaingia na theluji ilikuwa ikianguka. Nilikata kipande cha kwanza, nikakiweka mdomoni, na nilipoinua macho nikamwona.

Alikuwa amesimama upande wa pili wa kioo, mwanamume mweusi mwenzetu, koti refu, na kichwani kofia ya mkono, ile iliyodariziwa kwetu. Katika baridi ile ya kukata masikio! Hakunitazama mimi. Alitazama sahani yangu.

Wewe ungefanyaje? Umelelewa Tanga, una tonge mdomoni, mtu anakutazama. Mkono wangu ulinyanyuka wenyewe. Nilionyesha sahani, nikasema, "Karibu!"

Wazungu hawana mambo hayo. Mzungu akikutazama unakula, mwangalie tu, atageukia pembeni, yameisha. Na hata sisi, nani asiyejua kwamba karibu ya njiani si ya kukaa? Mwenzako anajibu ahsante, starehe, na anakwenda zake. Mimi hiyo starehe ndiyo niliyoingojea.

Hakuisema. Alitabasamu. Niligeuka kuchukua kitambaa nipanguse mdomo, na nilipogeuka tena alikuwa amesimama mezani petu.

"Nimekaribia," akasema.

Sikusikia baridi miguuni. Pazia lile nilikuwa nimelielekea uso kwa uso, na naapa halikutikisika. Nikajiambia labda kuna mlango mwingine. Akavuta kiti, akaketi baina yetu, na hapo macho yangu yakashuka miguuni pake, maana ndiyo tabia yangu. Huku barabara zote humwagwa chumvi wakati wa theluji, na hakuna mtu anayeingia ndani bila michirizi myeupe viatuni. Vyangu vilikuwa vimechafuka, vya Mwanaidi vimechafuka, vya matajiri wa meza ya jirani vimechafuka. Vyake vilikuwa vikavu na vinang'aa. Mabegani mwa koti hapakuwa na hata tone la theluji.

Lakini ningemfukuzaje mgeni niliyemwita mwenyewe?

"Kwenu wapi, ndugu yangu?" nikamuuliza.

"Kwetu si mbali na kwenu."

"Kwetu unakujua?"

"Kwenu nimekula sana," akasema, na Kiswahili chake kilikuwa kile cha wazee wa mrima, laini, ambacho sijakisikia tangu nilipoondoka. "Watwambiaje, mwanangu?" akamgeukia Mwanaidi. "Hujambo?"

Mwanaidi akacheka kwa haya. Nilimwona anavyomtazama, na sikuupenda utazamaji ule. Nilimkanyaga mguu chini ya meza. Hakushtuka.

Kwa heshima nikamsogezea mgeni sahani yangu. Aliisukuma kwa ncha ya kidole, kama mtu anayesukuma kitu cha moto.

"Ina chumvi."

Selestini akaja. Alipomwona nani amekaa na sisi, kalamu ilimtoka mkononi. Mgeni akaagiza kimanda kwa Kifaransa, na kwamba kisitiwe chumvi nilielewa kwa namna alivyotikisa kichwa. Selestini akaenda jikoni. Alikileta upesi, akakiweka mezani akiwa amenyoosha mkono kwa mbali, akaondoka.

Mgeni akala. Hakusema bismillahi. Alikula taratibu, amefumba macho, uma unapanda na kushuka, na mimi nimeshika kisu changu cha samaki nisijue nakishikia nini. Nikajikaza nikauliza tena, "Umekula kwa nani, kwetu?"

"Kwa bibi yako," akasema. "Hakuwa akisahau. Kila Alhamisi jua likizama, sahani yangu iko uani, nyuma ya pipa la maji, imefunikwa kawa ya ukindu. Wali mweupe, bila chumvi. Ninyi watoto mlikatazwa kuifunua."

Nilihisi baridi, na safari hii haikutoka mlangoni. Sahani ile ilikuwapo. Mimi ndiye niliyekuwa nikitumwa kuipeleka, na bibi akisimama mlangoni kuhakikisha sigeuki nyuma. Nilipomuuliza ni ya nani, aliniambia ni ya mgeni, nyamaza. Sijamsimulia mtu. Mume wangu sikumwambia, mwanangu sikumwambia, na bibi amekufa zamani.

"Tangu afariki, sijaandaliwa," akasema. "Nyumba ikafungwa, mkatawanyika. Kuwatafuta kumenichosha."

Sasa nilijua anataka nini. Hakuja kula kimanda. Alikuja kutafuta wa kumwandalia baada ya bibi, na alikuwa amekaa baina yangu na mtoto mwenye jina la bibi. Wanawake wa Tanga wanajua mambo haya yanavyorithiwa katika ukoo: hayakuchukui kwa nguvu, yanangoja uyakaribishe. Nikasema kwa sauti, ili mtu asije akasema sikukataa, "Sisi hatuna uani, bwana. Tunafanya kazi, hatuko nyumbani. Hatuwezi."

"Ahsante kwa kusema kweli," akanijibu kwa upole kabisa. Akaweka uma chini, akasimama, akafunga koti. Nikashusha pumzi. Nilidhani yamekwisha.

Kisha akaweka mkono kifuani, akamwinamia binti yangu. "Ahsante, Mwanaidi. Nimekula, nimeshiba."

Hapakuwa na mtu aliyemtajia jina.

Naomba unielewe vizuri hapa. Tangu mtoto huyu akiwa mdogo nimemfundisha adabu kwa bidii. Mkubwa akikushukuru kwa chakula, humwachi aende hivi hivi, unamjibu. Kwa miaka yote amewajibu wageni wangu kwa Kiingereza, na mimi naona aibu. Jioni ile akakaa wima, akanitupia jicho kama mtoto anayetaka kusifiwa, akasema kwa Kiswahili kilichonyooka:

"Karibu tena. Karibu nyumbani."

Utaniamini nikikwambia kwamba kwa nukta moja nilifurahi? Moyo ulicheka kwanza, ndipo ukaanguka. Nilimziba mdomo kwa kiganja, lakini neno lilishatoka. Yule bwana alikuwa ameshageuka. Sikumwona akipita pazia. Niliona tu kwamba kiti kiko kitupu na watu wa meza ya jirani wanashangaa kwa nini nimemziba mtoto mdomo.

"Mama, what is wrong with you?" Mwanaidi akafoka. "I was being nice!"

Selestini akaja mbio. "Mama, ule muntu ni ndugu yenu?"

"Si ndugu yetu."

"Mimi namuonaka kila hiver, baridi ikikuya, anasimamaka pale pale inje ku dirisha, anaangaliaka batu bakikula. Hajaingiaka hata siku moja. Leo nani alimuita?"

Nilikuwa nakitazama kimanda. Nilikuwa nimemwona kwa macho yangu akikata, akitafuna, akimeza, na kimanda kilikuwa kizima sahanini, hakina hata alama ya uma. Nikakata kipande kidogo nikakionja. Usidhani nasema habari ya kukosa chumvi. Yai lenyewe halikuwamo. Ilikuwa kama kutafuna karatasi iliyolowa.

Tulirudi nyumbani, yeye amenuna, mimi nasoma kila dua ninayoijua. Usiku ule ule nilimwaga chumvi mlangoni. Bibi alikuwa akisema hawa hawapendi chumvi, na huku hakuna anayekushangaa, kila mtu anamwaga ya kuyeyusha barafu. Jirani yangu Mzungu alinisifu, akasema ngazi zangu hazitelezi kama za mtaa mzima. Sasa theluji imekwisha, nyasi zimeota, na bado namwaga. Siku hizi hanisifu.

Niliita shehe akasoma, pakatulia kidogo. Kisha Mwanaidi akaanza kusogeza sahani. Kila ninachopika anasema kimezidi chumvi. Nikaacha kutia chumvi kabisa, na bado anasema imezidi. Halafu nikagundua kwamba hapiti tena mlango wa mbele. Anazunguka, anaingia kwa gereji. Nilipomuuliza, alisema ni tabia tu. Nilimpeleka hospitali, vipimo vyote vikatoka safi. Daktari akasema ni uchovu wa masomo, na mimi nikaitikia, ningemwambia nini?

Alhamisi iliyopita nilirudi kazini jua linazama. Kwenye gereji tu nikasikia harufu ya wali. Mwanaidi huyu hajawahi kupika zaidi ya kupasha chakula kwenye maikrowevu. Nilimkuta jikoni amejifunga kanga yangu, meza ameipangusa, na dirishani pana sahani moja pekee, imefunikwa kwa kawa. Sina kawa mimi. Sijawahi kuwa nayo tangu nije nchi hii.

"Shikamoo mama," akaniambia. "Keti ule. Yeye keshakula."

Ni Kiswahili cha bibi yangu kile, kilekile, na sauti imetulia. Nilikuwa nimekingoja tangu mtoto huyu anatambaa. Nilikaa chini sakafuni pale pale nikalia, naye akaja kunifuta machozi, akaniuliza kwa Kiswahili kizuri nalilia nini.

Basi wewe unayesoma, uliye huku au uliye kokote, ukila mtu akakutazama, angalia viatu vyake kwanza ndipo ufungue mdomo. Na kama kwenu kulikuwa na sahani iliyofunikwa ambayo watoto hamkuruhusiwa kuifunua, usinyamaze kama mimi nilivyonyamaza. Mwambie mwanao leo, kwa lugha yoyote atakayokusikia. Wangu nilimfundisha kukaribisha wageni, nikasahau kumwambia ni yupi wa kumnyima.