Pengo Baada ya Mstari wa Kumi na Sita

Leshawn aliniletea mimi, fundi wa kuchonga nyimbo kwenye sahani za santuri, albamu yake ya kwanza ya peke yake nimkatie santuri, miezi sita baada ya kuliacha kundi la rapu aliloanzisha na rafiki yake Dwight. Zamani hapa Tottenham, London, vijana walishika maiki moja kwa zamu: unachana mistari kumi na sita, kisha unampa mwenzako. Siku hizi kila mtu ana maiki yake chumbani, na hakuna anayemngoja mwingine.

Tuliisikiliza pamoja. Katika kila wimbo, baada ya mstari wa kumi na sita, sauti yake ilikatika, zikabaki ngoma tupu.

"Hapa anaingia nani?" nikamuuliza.

Akashika kichwa. "Dah, Anko Wilmot! Nimemwachia Dwight nafasi bila kujua."

"Basi mpigie simu, aje achane."

"Yule? Baada ya kunitukana mbele ya mama yangu? Kata hivyo hivyo, mzee."

Nikakata. Magazeti yaliyasifu mapengo yale, yakayaita ubunifu. Dwight alinunua santuri, akaja nayo kwangu kuuliza kama kuna sauti iliyofutwa humo.

Nikamwambia hakuna. Akatoka bila kuaga.