Jakaranda Iliyoangusha Majani

Juzi nilimuona mjukuu wangu Solange anamwagilia jakaranda, hasira ya zamani ikanirudia. Nikiwa mtoto pale mtaani kwetu Kampemba, jakaranda yetu iliangusha majani yote. Yaya Floribert, kaka yangu mkubwa, akasema: «Imekufa, mutoto. Baba ataikata, tutachoma makala ya kupikia.»

Mchana mzima nikabeba maji ya robine, bomba letu la uani, kwa ndoo. Udongo ulinukia kama mvua ya kwanza, lakini hakuna jani lililotoka. Mama, aliyetaka kusonga ugali, akaninyang'anya ndoo: «Ile iko maji ya kupika bukari.»

Baba aliporudi kutoka kazini alinikuta nimekumbatia shina, nalia.

«Nani alikuambia nitaikata? Kila kiangazi inalala hivi.»

Mikono iliniuma. Nikamtafuta Yaya Floribert aliyenidanganya. Alikuwa amekwisha kwenda kucheza mpira.