Fundi Albano Atafuta Kivuli

Mkorosho uliokuwa kando ya barabara ya Tandika ulikuwa na tawi moja lililoinama hadi kumgusa mtu bega, na chini ya tawi hilo ndipo Albano Nandonde alipochongea vinyago vyake tangu miaka ya mwanzo ya Uhuru. Hakukaa pale kwa ajili ya upepo. Mpingo mbichi ukiachwa juani hupasuka. Kinyago alichokihangaikia wiki mbili kingeweza kupata ufa toka utosini hadi nyayoni wakati yeye amekwenda kunywa uji tu. Kivuli kwake kilikuwa kifaa cha kazi, kama tezo na patasi.

Kwa hiyo asubuhi moja ya mwaka 1974, alipowakuta vijana wawili wanapaka shina la mkorosho chokaa, aliwasogelea.

"Mnaupamba, ndugu zangu?"

"Unakatwa huu. Barabara inapanuliwa."

"Lini?"

"Mitambo ikifika."

"Na mitambo inafika lini?"

"Sie hatujui, fundi. Sie ni wa chokaa tu."

Mwezi uleule tawi la chama lilitoa agizo kwamba kila nyumba kumi zipande miti ya kivuli mbele ya nyumba zao, maana Tandika ilikuwa mchanga mtupu. Balozi wao wa nyumba kumi alikuwa Bi Mauwa, mjane wa Kiyao kutoka Masasi, mwenye sauti iliyofika bombani bila yeye kusimama. Aliwakusanya watu barazani kwake, akauliza nani ataenda kitaluni kuchagua miche.

"Unauliza nini, balozi?" mtu mmoja akadakia. "Si tuna Fundi Albano? Mtu wa miti huyo!"

Watu wakacheka na kukubali, na Albano akacheka nao. Hakuna aliyejua kwamba hajawahi kupanda hata mpapai. Alizaliwa katika shamba la mkonge, baba yake akikata mkonge, na uchongaji alijifunzia hapa Dar. Miti ilimfikia kwa lori kutoka Utete, imeshakatwa majani na matawi, magogo matupu. Gogo alilijua. Angelipiga kwa kidole akakuambia kama ndani mna uozo. Angelinusa akakuambia limekatwa zamani au juzi. Lakini mti uliosimama, wenye majani, ulikuwa mgeni kwake kama abiria wa meli.

Kitaluni alipokewa na bwana miti, Audax, Mhaya mpole aliyevaa kofia ya ukindu. Miche ilipangwa ndani ya makopo chini ya paa la makuti, mamia kwa mamia, yote kijani, yote sawasawa. Albano akainama, akakwangua shina la mmoja kwa ukucha, akanusa. Akakwangua mwingine. Harufu ileile ya majani mabichi. Ili asionekane amekwama, akasogeza kwa mguu kopo lenye kimche kilichokonda, chenye miiba.

"Hili gugu nalo mnalitunza la nini?"

Bwana Audax akaangua kicheko hadi akashika kofia. "Fundi una utani wewe! Unauita mpingo gugu?"

Albano naye akacheka, akacheka sana kuliko mwenzake. Mpingo. Miaka yote ile ameuchonga, na leo kausukuma kwa mguu.

Baada ya hapo hakuthubutu kuuliza lolote. Bwana Audax alipomwambia, "Chukua mijohoro, inavumilia ukame; nikuchagulie?" alijibu haraka, "Acha, nitaiona mwenyewe." Akachagua kama anavyochagua magogo: mirefu, minene, iliyonyooka. Ulipopungua mmoja akaongezea kimche kifupi chenye majani manne, ili hesabu ya nyumba itimie. Hicho akampa Bi Mauwa.

"Haya, Fundi," Bi Mauwa akasema akikitazama. "Wenzangu umewapa miti, mie umenipa mchicha."

"Mchicha huo utakufunika, Bi Mauwa."

"Utanifunika kaburini."

Mmoja mrefu kuliko yote akaupanda hatua chache nyuma ya mkorosho, mbali na barabara, mahali alipokusudia kuhamishia kigoda chake. Kila jioni aliumwagilia kata moja ya maji, polepole, shinani, kama anayemnywesha mgonjwa. Hata maji ya bomba yalipoanza kutoka kwa zamu, na watu wakawa wanakula unga wa njano wa msaada wa njaa, walioupachika jina la yanga kwa rangi yake, kata ile haikukosa.

"Baba Rosalia," mkewe Filomena alimwambia, "mti unakunywa kabla ya wanao?"

"Mti huu ukifa, wanao watakula nini mkorosho ukikatwa?"

Mti ukafa. Ulianza kwa majani ya chini kugeuka manjano, akaongeza kata. Ukapukutika nusu, akapunguza. Akaufunika kwa gunia, akaufunua. Kila alilofanya lilionekana kuwa ndilo kosa, na alipofanya kinyume chake, hilo nalo likawa kosa. Mirefu mingine ikafuata, nyumba baada ya nyumba. Uliosalia kuwa kijani ni mchicha wa Bi Mauwa. Na Bi Mauwa hakuutunza hata kidogo! Siku ya kufua tu ndiyo aliyoukumbuka, akautupia beseni zima la maji ya sabuni, pamoja na maneno.

Albano akawa anapita pale asubuhi na jioni kuutazama. Ni sabuni? Ni kivuli cha kuta za nyumba? Au mti hupenda kutukanwa?

"Unauvizia nini mti wangu?" Bi Mauwa akamwuliza. "Usije ukauchonga."

Mwishowe akafanya kile anachofanya kwa gogo lisiloeleweka: kulifungua. Alichimbua mti wake uliokufa. Mchanga ulikuwa na unyevu kidole kimoja kwenda chini, na chini ya hapo mkavu kama majivu. Mizizi ilikuwa imejizungusha, imekazana, imeshika umbo la kopo hadi mikunjo ya pembeni. Akaugeuzageuza mikononi. Ilikuwa kazi safi ya kuchonga, ila aliyechonga ni kopo.

Akaubeba hadi kitaluni. Safari hii hakucheka.

"Bwana Audax, mie miti siijui. Najua mbao. Niambie nini kimeuua."

Bwana miti akaitazama mizizi. "Mche uliokaa sana koponi mizizi yake hujifunga. Huenda ni hiyo. Na kata moja kila siku hulowesha juu tu. Afadhali ndoo nzima mara moja kwa wiki. Huenda ni hiyo pia. Au mchwa. Mwaka huu hata mimi nimepoteza mingi, fundi, na yote nilidhani naijua."

"Na wa Bi Mauwa je?"

"Ulikuwa mdogo, unapata beseni zima. Sasa kama ni udogo au ni beseni..."

Albano akarudi na miche mifupi, akaikunjua mizizi kwa vidole kabla ya kuipanda, akaimwagilia kwa ndoo. Ilishika, isipokuwa miwili, na kwa nini miwili ile ilikataa hakujua.

Mitambo ilifika mwaka 1976, bila taarifa. Mkorosho ulilala kabla ya saa ya uji. Mjohoro wa Albano ulikuwa unamfika kiunoni, na kivuli chake kisingefunika hata patasi. Alisimama juani na kinyago cha mama mwenye mtoto mgongoni, ambacho hajakimaliza, akikizungushia gunia bichi, asijue aende wapi. Kisha akaenda barazani kwa Bi Mauwa, ambako mchicha ulikuwa umeshapita paa.

"Shikamoo, Bi Mauwa."

"Marahaba. Sema, maana kigoda umekuja nacho."

"Naomba kivuli."

Bi Mauwa akatazama juu, kwenye majani, kana kwamba ndiyo kwanza anayaona. "Vipande vyako utafagia mwenyewe."

"Nitafagia."

"Na siku ya kufua unahama."

Albano akaweka kigoda chini, akafunua kinyago, akakipapasa toka utosini hadi nyayoni. Hakikuwa na ufa. Akachukua tezo. Lakini kabla ya kuanza aliinama, akachukua mchanga wa shinani kwa vidole viwili, akaunusa. Ulinukia sabuni.