Nimepaki Mimi

Kosa langu la mwanzo katika uandishi lilikuwa kumwondolea baba herufi moja.

Sikufundishwa kuandika na mtu. Nilijifunza kwa michezo ya redio, simu ikiwa mfukoni na kikapu mgongoni, nikichuma majani kwenye shamba letu upande wa Roret. Siku moja, katika mchezo fulani, mama mzee alibisha mlango wa mwanawe aliyemsahau, akasema, "Fungua tu nikuone, sijaja kuomba kitu." Nilisimama katikati ya mistari ya chai nikalia kama mtoto aliyefinywa. Mama yangu, aliyekuwa mstari wa pili, aliuliza kama nimeumwa na siafu. Nikasema ndiyo. Tangu hapo nilitaka kuandika sentensi inayoweza kumsimamisha mtu namna ile.

Nyumbani kwetu, sentensi za aina hiyo ni mali ya mama. Akikasirika hutangaza, "Nitakufa, ndipo mtajua chumvi inakaa wapi!" Sote tunanyamaza, ingawa chumvi inakaa mezani. Baba ni mtu wa ng'ombe. Kuna siku maneno yake yote hayajazi kikombe.

Ndiyo maana alinishangaza. Vijana wa kanisa letu walikuwa wameniomba niandike mchezo wa Jumapili ya mavuno. Nikaandika kuhusu mzee aliyefiwa na mke, watoto wake wote wako mbali kikazi, naye anakaa peke yake mbele ya moto mpaka jirani anapokuja kumwita wakale. Kijana aliyepangiwa kuwa mzee alipata kazi Kericho mjini, akaenda. Jioni hiyo baba, akikamua, akasema bila kunitazama, "Mimi naweza kuwa huyo mzee."

Sehemu ya jirani ilichukuliwa na mama muuza samaki wa sokoni, mtu wa upande wa ziwa aliyeletwa huku na kazi ya mumewe kiwandani, na ambaye kicheko chake hujulikana kabla hajafika.

Mchezo wote ulisimama juu ya mstari mmoja, nilioubadilisha mara nyingi hata nikaanza kuuota: "Watoto wameenda. Mama yao ameenda. Nimebaki mimi."

Tulifanya mazoezi jikoni kwetu. Baba akakaa kwenye kigoda, akatazama moto, akasema, "Nimepaki mimi."

Wazee wetu wengi wa Kipsigis hawatenganishi b na p, hata wakisema Kiswahili. Mimi nilikua nikisikia hivyo na sikuwahi kujali. Lakini kubaki ni kuachwa nyuma, na kupaki ni kusimamisha gari.

Mama aliangusha mwiko. "Umepaki nini, mzee? Hata baiskeli huna!"

Baba mwenyewe alicheka mpaka akashika ubavu. Mimi sikucheka.

"Sema ba," nikamwambia.

"Pa."

"Ba. Kama baba."

"Papa," akasema kwa bidii. "Si ndiyo hiyo nasema?"

Nilimrudisha tena na tena, mpaka kicheko kikamwisha na sauti ikapungua. Muuza samaki, ambaye kwao sh hutoka s, aliniingilia. "Wewe, wacha mzee wa watu! Mimi nikisema naenda samba, kuna mtu anauliza ni samba gani? Watu wanajua ni kwa majani."

Lakini mimi tayari niliona kanisa zima likimcheka baba yangu, na nikakubali moyoni, ingawa naona haya kusema, kwamba watanicheka mimi pia. Kwa hiyo nikaondoa neno. Nikaandika, "Niko mimi tu." Kisha nikapitia maneno yake yote, nikiing'oa kila b kama mtu anayetoa mawe kwenye maharagwe.

Baba aliposikia mstari mpya aliuliza, "Ile ingine ilikuwa na makosa?"

"Hapana, baba. Hii ni fupi tu."

"Sawa," akasema, akaenda kukata nyasi za ng'ombe.

Kuanzia hapo aliyasema maneno yangu kama mtu anayesoma maagizo kwenye chupa ya dawa. Baadaye mama akaniita kando ya tangi la maji. "Baba yako anasema utafute mtu anayejua Kiswahili. Anasema hataki kukuharibia."

Sentensi hiyo hakuiandika mtu. Nilimfuata baba zizini, nikamsihi asiache. Alipangusa mikono kwenye koti. "Nitakuja, weri," akasema, yaani kijana wangu. "Nitakuja kwa sababu ni yako." Hata hapo sikuwa na ujasiri wa kumrudishia neno lake.

Jumapili ya mavuno kanisa lilijaa. Baba alikaa mbele ya vijiti vitatu na karatasi nyekundu iliyokuwa moto wetu. Kabla hajafungua mdomo, mvua ya mawe ilianza kupiga mabati. Nani atasikiliza mchezo wakati majani yake yanapasuliwa huko nje? Watu walisimama, wakajazana mlangoni kutazama mashamba. Nyuma ya pazia la leso nilishika kichwa. Miezi yangu yote ilikuwa inayeyuka na barafu ile.

Baba hakusimama. Alisogeza kijiti kimoja ndani ya moto wa karatasi, akangoja. Akasogeza kingine. Alikaa vile anavyokaa nyumbani mvua ikimzuia kwenda zizini, mabega chini, hana haraka. Watu wakaanza kugeuka kumtazama, wakarudi kukaa mmoja mmoja. Mvua ikalegea.

"Watoto wameenda," akasema. "Mama yao ameenda." Kisha mkono wake ukasimama juu ya kijiti, nami nikajua anatafuta maneno yangu mapya na hayapati. "Nimepaki mimi."

Kijana mmoja wa viti vya nyuma akapaza sauti, "Umepaki wapi, mzee?"

Kanisa likalipuka kwa kicheko. Nilifumba macho.

Baba alingoja kicheko kama alivyoingoja mvua. Akamtazama yule kijana, si kwa hasira, bali kama mzee anayejibu mtoto aliyeuliza njia.

"Hapa," akasema. "Nimepaki hapa. Wenye kuenda wameenda."

Kicheko kilikatika. Nilisikia maji yakidondoka kutoka kwenye mabati. Mama, aliyekuwa kiti cha mbele, mzima kabisa, alijifunika uso kwa kitambaa. Na jirani, aliyepaswa kupiga hodi papo hapo, hakupiga. Nilimkuta amesimama karibu yangu, machozi mpaka kidevuni. "Ngoja," akaninong'oneza. "Siwezi kwenda hivi."

Tulirudi nyumbani kwa miguu katikati ya chai iliyochanika, majani yakiwa yametapakaa njiani. Mama alilaumu mvua. Baba akasema, "Ile yako mpya ilinitoroka."

"Nilisikia, baba."

"Iliharibu?"

"Haikuharibu. Mimi ndiye niliyeharibu, nilipoitoa ile yako."

Alitikisa kichwa kama mtu aliyeambiwa bei ya maziwa, akainama kuokota tawi lililovunjika.

Sasa kwenye kituo cha kuuzia majani, anayeachwa nyuma kwenye foleni hupiga kelele, "Nimepaki mimi!" Watu hucheka, na baba hucheka nao. Mimi bado naandika sentensi moja mara nyingi kupita kiasi. Lakini siku hizi kila mchezo nampa baba ausome kwa sauti kwanza, na jinsi anavyolitamka neno, ndivyo ninavyoliacha.