Maneno Niliyomtilia Kinywani Yule Dada wa Kichina

Nakiri bila kuzunguka: mdomo wangu unanuka. Nikijisikia nikiongea, natamani kutapika.

Miaka ile ya ruksa, biashara zilipofunguliwa na video zikaingia Kyela, mimi ndiye niliyetafsiri picha za Kichina kwenye banda la video jirani na soko. Kichina sikijui hata neno! Nilisoma maandishi ya Kiingereza chini ya kioo, mengine nikabuni.

Watu walimpenda mwigizaji mmoja wa kike. Tulimfuata tangu kanda zake za mwanzo, akiwa msichana wa kumimina chai na kuzabwa vibao, hadi akawa nyota, anaruka juu ya mapaa na kuangusha genge zima kwa mateke. Ukumbi ulikuwa ukilipuka!

Aliyempenda kuliko wote ni Atupele, binti yatima aliyeuza ndizi za kuchoma mlangoni petu. Baba yake mdogo alitaka kumwoza mfanyabiashara mmoja mkali wa Bujonde. Atupele akagoma.

"Kaka, yule dada angekubali?" aliniuliza.

"Thubutu!" nikamjibu.

Baba mdogo akanijia na kiroba cha mchele. "Wewe ndiye unayemharibu. Mtengeneze."

Nikapokea. Nyamafu mimi!

Jumapili ikaja kanda mpya. Dada yule akapiga magoti mbele ya wazee, analia. Maandishi yalisema, "Hata mkiniua, siolewi naye." Mimi nikashika kipaza sauti: "Wazee wangu, nimekosa. Nitaolewa na mnayemtaka."

Kabla hajainuka kupigana, nikazima deki. Nikasema kanda imeliwa na mashine.

Atupele alijitwisha sinia lake akaondoka. Mavuno hayajaisha, akaolewa.

Nilikuja kumwona sokoni, mkono haunyooki, meno ya mbele hayapo. Nikageuka nikimbie. Akaniita kwa adabu.

"Kaka, za siku? Yule dada, alipokwisha kuolewa, aliendelea kuigiza?"

Loo! Mungu alinipa nafasi, nami nikaitemea mate.

"Aliacha," nikasema.

"Ndaga, kaka," akanishukuru, akaenda zake.

Hakuacha! Kanda zake ziliendelea kuja, kila moja kali kuliko iliyotangulia.

Wewe unayewasemea watu, uwe mkalimani, mshenga au mhubiri, sema walichosema. Anayekuamini hana pa kukuhakiki. Mwili wake ndio utakaolipia uongo wako, na bado atakushukuru.