Mbayuwayu Waliovishwa Pete Kwenye Lambo Letu

Walikuja watafiti wawili wa ndege, mwanamke na mwanaume, wakafunga nyavu nyembamba kando ya lambo letu, huku jirani na Lalago. Mtendaji wa kijiji alisema wana barua ya serikali kutoka Bariadi. Baba hakuridhika. Zamani walipita wengine wenye barua, wakachimbia bikoni za mpaka, na malisho ya wajomba zangu yakawa hifadhi.

"Mayu, wewe umesoma," akaniambia. "Nenda ukakae nao. Usile chakula chao."

Nikakaa nao siku nzima. Mbayuwayu wakinaswa, yule mwanamke aliwatoa wavuni taratibu na kuwatia kwenye vifuko vya nguo. Alimpima kila mmoja bawa na uzito, kisha akamvisha pete mguuni na kuibana kwa koleo. Mwenzake aliandika namba.

"Ndani ya pete kuna nini?" nikauliza.

Akanipa moja. Ilikuwa nyepesi kama ganda la mtama. Nikaing'ata. Bati tupu.

"Kila ndege ana namba yake," akasema. "Akinaswa kwingine, au mtu akimwokota, tunajua alitoka wapi na ameishi muda gani. Bila pete wote wanafanana."

"Na mkijua wanapapenda hapa, mtatuhamisha?"

Akachukua kifuko kingine. "Mimi naandika tu, dada. Wanaoamua ni wengine."

Nilimpelekea baba jibu hilo kama lilivyo.

"Amesema hivyo mwenyewe?" akauliza, kisha akaenda kuangalia ng'ombe.

Mvua zilizofuata, baba aliokota zizini mbayuwayu aliyekufa, mwenye pete. Akaitoa, akaifunga kwenye kitambaa, akasema namba ile isitoke nyumbani. Nilivumilia wiki moja. Kisha nikaisoma kwa siri na kumtumia yule mwanamke, maana aliniachia namba yake ya simu.

Jibu lilichukua siku nyingi. Ndege huyo hakuvishwa pete kwetu. Alivishwa Ulaya, akiwa bado kinda kiotani, akaruka mpaka kwenye zizi letu.

Nilishindwa kukaa na habari hiyo. Nikamweleza baba, nikakiri na kosa langu. Alinisikiliza mpaka mwisho bila kugomba.

"Kwa hiyo wamejua ndege alipofia," akasema. "Na zizi ni la nani."

Bikoni hazijaja hadi leo. Lakini gari geni likikata kona kuelekea lamboni, ninaacha jembe na kusimama kulitazama, na baba haniulizi ninatazama nini.